Skrini, wasanii na kijana anayejitafuta: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Maswali ni yale yale. Anayebadilika ni muulizaji. Leo ni mzazi, kesho mwalimu, keshokutwa kijana wa miaka kumi na saba aliyesubiri wenzake watoke kwanza ndipo asogee kuuliza. Yamepangwa kuanzia ya msingi hadi yale yanayokuna vichwa. Kila jibu linajitegemea, na jambo lililokwisha elezwa limeelekezwa kwa namba ya swali.

## Mambo ya msingi

1. Tunaposema "utambulisho" wa kijana, tunamaanisha nini?

Ni jibu analojipa mtu anapojiuliza: mimi ni nani, wenzangu ni akina nani, na nataka watu wanione vipi? Hakuna anayezaliwa na jibu hilo. Erik Erikson, mwanasaikolojia aliyegawa maisha ya binadamu katika hatua nane kwenye kitabu chake cha mwaka 1950, aliliweka swali hili katikati ya ujana. Kwake yeye, kijana anayevaa hivi mwezi huu na vile mwezi ujao hafanyi utundu. Anafanya kazi ya umri wake.

Mwaka 1966 James Marcia aliongeza jambo ambalo wazazi wengi hawalipendi. Alitofautisha vijana waliotafuta wakapata, wanaoendelea kutafuta, wasiotafuta wala kujali, na wale waliopokea jibu la wakubwa wao bila kulijaribu. Kijana wa kundi hili la mwisho ndiye anayesifiwa na kila mtu kuwa mtulivu. Huenda hajajipata, ameazima tu.

2. Na "utamaduni pendwa" ni nini?

Muziki, filamu, tamthilia, gemu, mavazi, michezo, vichekesho, misimu ya lugha, video fupi: chochote kinachopendwa na wengi na kuuzwa kwa wengi. Shika yote mawili, kupendwa na kuuzwa. Mzazi huona biashara peke yake, kijana huona mapenzi peke yake, na ndiyo maana wakikaa kuzungumza hawaelewani.

Tena kijana kama mteja si jambo la kale. Ni katika miaka ya 1940, nchini Marekani, ndipo wafanyabiashara walipoanza kumtazama mtu wa umri huo kama soko lenye ladha yake. Jarida la *Seventeen*, lililolenga wasichana, lilianza mwaka 1944.

3. Je, vyombo vya habari ndivyo vinavyomfinyanga kijana, au yeye ndiye anayechagua?

Wataalamu wamevutana hapa kwa miongo. Upande mmoja yupo Albert Bandura, ambaye mwaka 1961 alionyesha kwamba watoto wadogo waliomwona mtu mzima akimpiga mwanasesere walimpiga vivyo hivyo, hata kwa maneno yale yale. Mwaka 1963 alirudia jaribio kwa kutumia filamu badala ya mtu aliyepo chumbani, na uigaji ukatokea tena. Upande wa pili yupo Stuart Hall, aliyeandika mwaka 1973 kwamba mtazamaji si gunia la kujazwa: anaweza kuupokea ujumbe kama ulivyotumwa, kuupokea nusu nusu, au kuukataa kabisa.

Nikiulizwa mimi, kijana huchagua kweli, ila huchagua kutoka kwenye rafu iliyopangwa na mtu mwingine. Kilichowekwa usawa wa macho huchukuliwa na wengi. Kilichofichwa nyuma huchukuliwa na wachache wenye subira. Ambacho hakipo hakichukuliwi na yeyote. Kwa hiyo badala ya kubishana kama kijana ana hiari, nauliza nani amepanga rafu na anapata nini (swali la 6).

4. Kwa nini vijana ndio waathirike zaidi ya watu wazima?

Sehemu ya mbele ya ubongo, inayosaidia kupima matokeo na kuzuia pupa, huendelea kukomaa hadi miaka ya ishirini na kitu, ilhali hamu ya kusifiwa na rika huwa juu sana mapema zaidi. Gari lina mwendo, breki bado zinafungwa. Lakini tusijitoe sisi wakubwa: mtu mzima anayekosa usingizi kwa sababu timu ya mji asioujua imefungwa naye ana kipande cha nafsi kilichojengwa na televisheni.

## Namna mambo yanavyofanyika

5. Mwanangu analia kwa ajili ya msanii ambaye hajawahi hata kumwona. Ni kawaida?

Ni kawaida, na kuna maelezo yake. Mwaka 1956 Donald Horton na Richard Wohl waliuelezea uhusiano wa upande mmoja kati ya mtazamaji na mtangazaji: anakutazama machoni kupitia kamera, anakusalimu, anakusimulia ya kwake, nawe unahisi mnafahamiana. Leo hisia hiyo ina nguvu zaidi kwa sababu msanii hujirekodi akiwa kitandani, amechoka, nywele hazijachanwa, na mara moja moja hujibu maoni.

Uhusiano huo una faida. Kijana mwenye haya anaweza kujaribu ndani yake hisia ambazo bado hana ujasiri wa kuzijaribu kwa jirani, na kundi la mashabiki humpa marafiki halisi. Wasiwasi uanze pale uhusiano huu unapochukua nafasi ya mingine yote, au pesa zinapoanza kutoka bila mpango.

6. Algoriti inahusikaje na nafsi ya mtu?

Algoriti ya majukwaa ya video, yaani mfumo wa kompyuta unaochagua video ya kukuletea, haisikilizi unachosema unakipenda. Inapima ulichokitazama hadi mwisho, ulichokirudia, ulipositisha kidole. Tuseme msichana amesita sekunde chache kwenye video ya kupunguza uzito, pengine kwa mshangao tu. Mfumo hauutambui mshangao, unahesabu sekunde. Kesho ataletewa tatu, keshokutwa kumi, na baada ya wiki mbili ataamini kwamba wasichana wote duniani wanazungumzia uzito.

Hapo ndipo tofauti na zamani ilipo. Televisheni ya sebuleni ilikuwa rafu moja kwa nyumba nzima, na mzazi aliiona. Sasa kila mtu ana rafu yake, inajipanga upya kila anapoigusa, na aliyeketi kando yake haioni. Ongeza alama za kupenda: Facebook iliweka kitufe cha "Like" Februari 2009, na tangu hapo kukubalika, jambo lililokuwa likihisiwa, likawa namba inayosomeka hadharani.

7. Kuna ushahidi kwamba kutazama tu kunaweza kubadilisha watu?

Upo, na mfano ninaourudia sana ni wa Fiji, nchi ya visiwa katika Bahari ya Pasifiki. Katika eneo la Nadroga, televisheni ilifika mwaka 1995. Kabla ya hapo mwili ulionawiri ulikuwa sifa. Kumwambia mtu amepungua ilikuwa kumwonea huruma. Anne Becker, daktari na mwanaanthropolojia, aliwahoji wasichana wa shule majuma machache baada ya televisheni kuingia, kisha akalihoji kundi jingine la wasichana mwaka 1998. Waliokuwa na alama za hatari ya matatizo ya ulaji walipanda kutoka asilimia 12.7 hadi 29.2. Waliosema hujitapisha ili wapungue hawakuwapo kabisa mwaka 1995. Miaka mitatu baadaye walikuwa asilimia 11.3.

Wengi husimulia kisa hiki kwa kuishia kwenye namba, na hapo wanakosa utamu wake wote. Katika mahojiano wasichana hawakusema tu kwamba wanataka kupendeza. Walizungumzia kazi. Wanawake wembamba wa kwenye tamthilia walikuwa na ajira, pesa zao, maisha yanayosonga, na wasichana wakaunganisha mambo hayo: mwili ule ndio ufunguo wa mlango ule. Hawakuiga umbo, walikuwa wakitafuta njia ya kuingia katika dunia iliyokuwa inabadilika. Haki itendeke pia: makundi yale mawili hayakuwa ya wasichana wale wale, na mambo mengine yalikuwa yakibadilika Fiji miaka hiyo.

Brazil inatoa sura nyingine. Watafiti waliofuatilia kuenea kwa matangazo ya kituo cha Globo walikuta kwamba wanawake wa maeneo yaliyofikiwa walizaa watoto wachache zaidi. Mashujaa wa kike wa tamthilia zake kwa kawaida hawakuwa na watoto au walikuwa na mmoja. Na wazazi wa maeneo hayo waliwapa watoto wao majina ya wahusika. Jina ndilo tabaka la kwanza kabisa la utambulisho, nalo lilitoka kwenye skrini.

8. Basi tukubaliane kwamba simu zinaharibu vijana?

Tusikubaliane haraka hivyo. Mwaka 2019 Amy Orben na Andrew Przybylski walichambua takwimu za vijana zaidi ya 350,000 na kukuta kwamba matumizi ya teknolojia ya kidijitali yalieleza si zaidi ya asilimia 0.4 ya tofauti za ustawi wao. Ni kidogo mno.

Lakini nyaraka za ndani za Facebook zilizovujishwa mwaka 2021 zilionyesha kwamba asilimia 32 ya wasichana walisema kuwa pale walipojisikia vibaya kuhusu miili yao, Instagram iliwaongezea uchungu. Taarifa hizi mbili hazigombani. Wastani huwachanganya yule aliyepata faraja mtandaoni, yule asiyeguswa, na yule anayezama, kisha unatoa namba tulivu. Mwanao si wastani. Swali la kuuliza ni: yeye, akitazama hivi, saa hizi, anainuka akiwa vipi?

## Mwili, jinsia na kuonekana

9. Binti yangu hupiga picha arobaini na kufuta thelathini na tisa. Kwa nini?

Kwa sababu analinganisha. Leon Festinger alieleza mwaka 1954 kwamba pasipo kipimo cha wazi mtu hujipima kwa wengine, hasa wanaofanana naye. Neno "wanaofanana" ndilo zito hapa. Mwanamitindo wa jarida alikuwa mbali, kila mtu alijua amepambwa. Anayemuumiza binti yako ni mwanafunzi mwenzake aliyepitisha uso wake kwenye filta bila kusema.

Baadhi ya nchi zimejaribu sheria. Ufaransa tangu 2017 hutaka picha ya biashara ambayo umbo la mwanamitindo limebadilishwa iandikwe hivyo. Norway ilileta sharti kama hilo mwaka 2022, likiwahusu hata watu maarufu mitandaoni wanaolipwa kutangaza. Ni hatua ya uaminifu, ingawa majaribio mengi ya maandishi ya namna hiyo yameonyesha kuwa hayapunguzi sana kutoridhika na mwili. Jicho hulinganisha kabla akili haijasoma.

10. Wavulana nao?

Nao, ila hulisema kwa maneno mengine. Msichana atasema amenenepa. Mvulana atasema anataka "kujaza kifua". Utafiti wa Harrison Pope na wenzake wa mwaka 1999 ulipima wanasesere wa kivita wa wavulana waliotengenezwa kwa takribani miaka thelathini na kukuta misuli ikiongezeka toleo kwa toleo, hadi baadhi kupita umbo la wabeba vyuma halisi. Siku hizi kuna pia video zinazomfundisha mvulana kwamba mwanamume ni yule asiyeomba msaada na anayemtawala mwanamke. Nyingi huanza na ushauri mzuri wa mazoezi na nidhamu; chumvi huongezwa taratibu, na kufikia video ya hamsini mvulana hajui alivuka mstari wapi.

11. Kuna ubaya gani kijana asipoona watu kama yeye kwenye skrini?

Katika miaka ya 1940 Kenneth na Mamie Clark waliwapa watoto weusi wa Marekani wanasesere weusi na weupe. Wengi wao walimchagua mweupe kuwa mzuri, na wengine walimtaja mweusi kuwa mbaya. Hakuna aliyewahubiria hivyo darasani. Walikuwa wamesoma dunia iliyowazunguka. Mwaka 1990 Rudine Sims Bishop, akizungumzia vitabu vya watoto, alisema mtoto anahitaji vioo vya kujiona na madirisha ya kuwaona wengine. Nami naongeza kwamba anayeonyeshwa vioo vitupu naye amepunjwa: hukua akidhani kila sura ni yake.

Kuonekana vibaya ni jambo jingine tena. Mlemavu anayeonyeshwa daima kama wa kuhurumiwa, au mhamiaji kama mhalifu, angalau yupo, lakini kijana mwenye hali hiyo hulazimika kutumia nguvu nyingi kukanusha kabla hajaanza kujieleza.

## Lugha, mitindo na makundi

12. Anaongea kwa lafudhi ya watu wa mbali. Amepoteza utamaduni wake?

Tazama hip-hop. Simulizi yake kwa kawaida huanzia tarehe 11 Agosti 1973, kwenye sherehe iliyofanyika Bronx, New York, ambako DJ Kool Herc, mzaliwa wa Jamaika, alipiga muziki. Kwa hiyo hata mwanzoni haukuwa wa sehemu moja. Baadaye vijana wa kila bara waliuiga kwa Kiingereza cha kubahatisha, kisha wakachoka, wakaanza kughani kwa lugha za mama zao kuhusu mitaa yao. Kuiga kulikuwa daraja.

Mimi hupima kwa jambo moja: anaongeza au anadharau? Anayeongeza lafudhi ya pili huku akitania na bibi yake kwa lugha ya nyumbani hana shida. Anayeona aibu bibi akizungumza mbele ya wenzake, huyo ana jeraha, na lafudhi ni dalili tu.

13. Ana akaunti tatu, na kila moja ni mtu tofauti. Ni uongo?

Si uongo, sivyo kwa kawaida. Nawe huongei na mkuu wako wa kazi kama unavyoongea na mdogo wako. Akaunti ndogo ya marafiki wachache mara nyingi ndiyo yenye ukweli zaidi. Ishara ya hatari ni akaunti ambayo mtu mzima asiyemfahamu amemshawishi kuifungua.

## Kwa wazazi na walimu

14. Nimnyang'anye simu?

Kabla ya hapo jua kwamba ule umri wa miaka 13 uliozoeleka kwenye majukwaa haukutokana na vipimo vya akili. Ulitokana na sheria ya Marekani ya mwaka 1998 kuhusu ukusanyaji wa taarifa za watoto. Australia imeenda mbali zaidi: tangu 10 Desemba 2025 majukwaa makubwa hutakiwa kuwazuia walio chini ya miaka 16 kuwa na akaunti.

Nyumbani, mipaka ya mahali na saa hufanya kazi kuliko kunyang'anya: simu isilale chumbani, isiwepo mezani, na sheria iwahusu wakubwa pia. Kunyang'anya ghafla humkata kijana na kundi lake lote kwa siku moja, na humfundisha kutokukwambia siku atakapopata matatizo ya kweli. Isipokuwa pale penye hatari (swali la 17), sikushauri.

15. Nianzeje mazungumzo bila yeye kugeuza macho?

Tazama naye anachokitazama, dakika kumi, bila maoni. Hii ndiyo sehemu ngumu. Kisha uliza kama mtu asiyejua, maana hujui: huyu anapata wapi pesa? Kwa nini wote wana nyumba safi? Nani haonekani kamwe humu? Watu wakicheka hapa, wanamcheka nani? Maswali ya namna hii humfanya awe mtaalamu na wewe mwanafunzi. Mwalimu anaweza kuwapa wanafunzi kazi ya kufungua akaunti mbili zenye tabia tofauti na kulinganisha wanacholetewa baada ya wiki. Hakuna hotuba inayoifikia.

## Kwa vijana wenyewe

16. Nitajuaje kama hiki ni mimi au ni trendi tu?

Subiri. Kipe miezi mitatu. Jiulize ungekifanya kama hakuna ambaye angekiona wala kukipigia picha. Angalia kama kinakupa kazi ya kufanya, kama vile kushona, kucheza ala au kuandika, au kinakupa kitu cha kununua tu. Na usijitese sana: kitu kinaweza kuanza kama trendi na kuishia kuwa chako. Hata mashairi ya mapenzi ya kwanza huwa yameazimwa.

17. Nitajuaje kwamba nimevuka mpaka na nahitaji msaada?

Ukianza kuruka milo, kutapika makusudi au kujiumiza. Usingizi ukikatika kwa majuma. Ukiacha mambo uliyoyapenda. Mtu mtandaoni akikutisha au kukudai picha. Au ukiwaza kwamba ni heri usiwepo. Mwambie mtu mzima unayemwamini leo, na kama wa kwanza hakusikiliza, mwambie wa pili. Daktari na mshauri wa shule wameshasikia haya. Hutawashtua.

18. Msanii niliyejengea maisha yangu amefanya jambo baya. Nifanye nini?

Huzuni yako ni halali; umefiwa na mtu aliyekuwa kichwani mwako, hata kama hakuwahi kukujua. Ujasiri ulioupata kwa nyimbo zake uliupata wewe, hautafutika. Ila huna deni la kumtetea, na hapo ndipo mashabiki wengi hupotea: hudhani kumkana yeye ni kujikana wenyewe, wakaishia kumtukana aliyeumizwa.

## Yanayokuna vichwa

19. Vipi kama ninayemwiga si mtu kabisa?

Lil Miquela, "msichana" aliyechorwa kwa kompyuta, alianza kuonekana Instagram mwaka 2016 na akapata wafuasi mamilioni na mikataba ya matangazo. Hazeeki, hachoki, hana chunusi asizopangiwa. Kumlinganisha mtu na msanii aliyepambwa kulikuwa na mwisho, kwa kuwa hata yeye hunawa uso jioni. Huyu hana jioni.

Sasa zimeongezeka programu za akili mnemba zinazozungumza kama rafiki. Zile zilizoelezwa kwenye swali la 5 zilikuwa hisia za upande mmoja; hizi zinajibu, zinakumbuka jina la paka wako, na hukubaliana nawe mno. Rafiki wa kweli hukukatalia, hukusahau, huja kuomba msamaha, na kijana hujifunza umbo lake kwenye misuguano hiyo. Tumia programu hiyo kufanyia mazoezi maneno magumu kama inakusaidia, kisha nenda ukayaseme kwa mwenye nayo.

20. Wazazi wangu waliniposti tangu nikiwa mchanga. Sasa nina miaka kumi na sita na kila mtu anamjua mtoto yule. Mimi ni nani?

Hili huulizwa na wachache, kwa sauti ya chini, na idadi yao inaongezeka. Wengine hutafuta utambulisho. Wewe umeukuta umeshachapishwa, na video zako za kuoga na kulia. Sheria zimeanza kuliona. Ufaransa ilipitisha sheria mwaka 2020 inayolinda mapato ya watoto wa chini ya miaka 16 wanaoonyeshwa kibiashara na kumruhusu mtoto mwenyewe kudai video ziondolewe. Jimbo la Illinois, Marekani, tangu Julai 2024 linataka wazazi wanaoingiza kipato hivyo wamtengee mtoto sehemu yake.

Popote ulipo, unaweza kuanza kwa orodha fupi: video tatu zinazokuuma zaidi. Usiombe zote zifutwe siku ya kwanza. Wazazi wengi huzitazama kama albamu ya familia na watahisi unawafuta wao. Omba hizo tatu, eleza kila moja inakufanyia nini shuleni, na uombe kuanzia sasa uonyeshwe kabla ya kupostiwa. Wakikataa, mtafute shangazi, mjomba au mwalimu wanayemheshimu akae nanyi. Na ukitaka kubaki mwaka mzima bila picha yako mtandaoni hata moja, una haki ya kunyamaza huko.